Kipande Kilichokataliwa: Jinsi Sheria za Pasi Zilivyoangushwa Afrika Kusini

Mwanamume wa Orlando, Johannesburg, aliyetoka nyumbani mwaka 1955 kwenda dukani kununua mkate alipapasa kwanza mfuko wa koti. Humo kilipaswa kuwa kitabu chenye picha yake, namba yake, kabila lake, stakabadhi za kodi na sahihi ya mwajiri iliyowekwa upya kila mwezi. Akikisahau mezani, polisi angeweza kumkamata hatua hamsini kutoka mlangoni kwake, na mkewe asijue alikopelekwa. Mzungu wa mtaa wa pili hakuwa na kitabu cha namna hiyo wala hakuulizwa. Waafrika walikiita dompas kwa Kiafrikana, yaani pasi ya kijinga.

Msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji kufafanuliwa sana, kwa kuwa lugha yake ina neno la kitu hicho: kipande. Nchini Kenya, sheria iliyopitishwa mwaka 1915 na kuanza kutekelezwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza ilimlazimu kila mwanamume Mwafrika kubeba hati yenye alama za vidole, na wengi waliining'iniza shingoni katika kijaluba cha chuma. Harry Thuku aliyeipinga alikamatwa Machi 1922. Umati ulipokusanyika Nairobi kudai aachiliwe ulimiminiwa risasi. Serikali ilitaja vifo 21, na miongoni mwa waliouawa alikuwemo Mary Muthoni Nyanjiru aliyewahimiza wanaume wasirudi nyuma.

Lakini hakuna nchi ambako kipande kilikaa muda mrefu na kuingia ndani ya maisha ya watu kama Afrika Kusini. Kati ya mwaka 1916 na 1984 watu zaidi ya milioni 17 walikamatwa au kushtakiwa huko kwa makosa ya pasi. Hii ni historia ya sheria hizo, na ya watu waliozikataa mpaka zikafutwa.

Kutoka utumwani hadi migodini, 1760–1900

Pasi ilizaliwa ndani ya utumwa. Katika koloni la Waholanzi la Rasi, mtumwa aliyesafiri kati ya mji na mashamba kuanzia mwaka 1760 alitakiwa kuwa na karatasi iliyotiwa sahihi na bwana wake. Waingereza walipoitwaa Rasi waliuendeleza mtindo huo. Tangazo la gavana Caledon la mwaka 1809 liliwataka Wakhoikhoi, wenyeji wa nchi, wawe na makazi yanayojulikana na wabebe pasi kila wanapotoka wilaya moja kwenda nyingine. Asiyekuwa nayo alihesabiwa mzururaji na kupewa mkulima wa kizungu amtumikishe. Mwaka 1828 Wakhoikhoi waliondolewa mzigo huo, na miaka michache baadaye utumwa wenyewe ukapigwa marufuku.

Karatasi ingeweza kufia hapo. Iliyoifufua ni almasi, iliyogunduliwa katika miaka ya 1860 sehemu ambayo baadaye iliitwa Kimberley, kisha dhahabu ya Witwatersrand mwaka 1886. Migodi ilitaka maelfu ya vibarua wa ujira mdogo wasioweza kuacha kazi na kwenda kwa tajiri mwingine anayelipa zaidi. Kanuni ya mwaka 1872 machimboni ilizungumzia "watumishi" tu bila kutaja rangi, lakini kila mtu alijua mtumishi ni nani. Katika miaka ya 1890 wenye migodi ya dhahabu waliibana serikali ya Makaburu wa Transvaal mpaka ikatunga sheria iliyomtaka mchimbaji Mwafrika avae bamba la chuma mkononi.

Tangu hapo pasi ilikuwa na kazi mbili: kumleta mtu mweusi mahali penye kazi, na kumfukuza kazi inapokwisha. Zilizofuata zilikuwa tawala nyingi zenye majina tofauti, na zote zilirithi kazi hizo mbili.

Moto wa kwanza, 1906–1930

Upinzani wa umma wa kwanza kuvuta macho ya dunia ulitoka kwa Wahindi wa Transvaal. Serikali ilitaka waandikishwe upya, watoe alama za vidole na wabebe vyeti wakati wote. Tarehe 11 Septemba 1906 watu wapatao 3,000 walijaa katika ukumbi wa Empire, Johannesburg, wakala kiapo kwamba hawatatii. Aliyewaongoza alikuwa wakili mmoja wa miaka 36, Mohandas Gandhi. Agosti 1908 walikusanyika kwenye uwanja wa msikiti wa Hamidia, wakarundika vyeti zaidi ya 2,000 ndani ya chungu kikubwa, wakavimwagia mafuta ya taa na kuvitia moto.

Miaka minne baadaye, Januari 1912, viongozi wa Kiafrika walikutana Bloemfontein na kuunda chama kilichokuja kuitwa African National Congress, ANC. Mwaka uliofuata bunge la wazungu lilipitisha Sheria ya Ardhi iliyowatengea Waafrika kama asilimia 7 tu ya nchi. Aliyenyang'anywa shamba alilazimika kwenda mjini, na huko alikuta pasi ikimsubiri.

Bloemfontein hiyohiyo ndiko wanawake walikoanza. Katika jimbo la Free State, tofauti na kwingineko, wanawake weusi nao walitakiwa kununua pasi kila mwezi, na polisi waliitumia kuwasumbua mabinti njiani. Mwaka 1912 walipeleka Cape Town ombi lenye sahihi zipatazo 5,000. Halikujibiwa kwa vitendo. Katikati ya mwaka 1913 walizirudisha pasi, wakaandamana hadi ofisi za mji, na walipohukumiwa walikataa kulipa faini. Walichagua kufungwa. Gereza la mji lilijaa, ikabidi wengine wapelekwe miji ya mbali. Mwandishi Sol Plaatje alikwenda kuwaona gerezani na kuisimulia dunia aliyoyaona. Vita vya 1914 vilikatiza kampeni hiyo, lakini ilikuwa na matunda: kwa miongo minne iliyofuata serikali ilisita kuwabebesha wanawake pasi nchi nzima.

Wanaume hawakupata nafuu hiyo. Mwaka 1919 wafanyakazi wa Johannesburg walizikusanya pasi zao ndani ya magunia na kugoma, na takriban 700 walikamatwa. Desemba 1930, mjini Durban, polisi waliwavamia watu waliokuwa wakichoma pasi, na kijana aliyewaongoza, Johannes Nkosi, alikufa kwa majeraha. Kila wimbi lilivunjwa kwa virungu, na baada ya kila wimbi pasi ilibaki.

Kitabu kimoja kwa wote, 1948–1953

Mwezi Mei 1948 chama cha Makaburu, National Party, kilishinda uchaguzi ambao Waafrika karibu wote hawakuwa na kura ndani yake. Ubaguzi uliokuwa umetapakaa katika kanuni za majimbo sasa ulifumwa ukawa nguo moja. Sheria ya mwaka 1950 ilimwandikisha kila mtu kwa rangi yake. Nyingine ya mwaka huohuo iligawa miji kwa rangi.

Mwaka 1952 ikaja sheria ambayo jina lake rasmi lilisema inafuta pasi. Kwa kweli ilizikusanya karatasi zote za zamani na kuweka mahali pake kitabu kimoja, cha lazima kwa kila Mwafrika aliyefikisha miaka 16, wanaume wakitangulia. Pamoja nayo kikaja kifungu cha 10, kilichojulikana kwa namba yake hata na watu wasiojua kusoma. Mwafrika hakuruhusiwa kukaa mjini zaidi ya saa 72 bila kibali, isipokuwa awe amezaliwa pale, au amemtumikia mwajiri mmoja kwa miaka 10, au ameishi pale kwa kufuata sheria kwa miaka 15. Mume aliweza kuwa na haki ya mji na mkewe akakosa. Ndoa nyingi zilivunjwa kwa muhuri.

ANC, sasa ikiwa na vijana kama Nelson Mandela, Walter Sisulu na Oliver Tambo, iliungana na Wahindi na kutangaza kampeni ya kukaidi sheria za kibaguzi. Ilianza tarehe 26 Juni 1952. Watu wa kujitolea waliovaa vitambaa vya rangi za chama walipita mlango wa wazungu katika stesheni ya Port Elizabeth. Wengine waliingia bila kibali katika mitaa wasiyoruhusiwa. Walikamatwa wakiimba. Katika miezi michache zaidi ya 8,000 walikwenda jela, na wanachama wa ANC wakafikia 100,000.

Serikali ilijibu kwa sheria mpya mwaka 1953: yeyote atakayevunja sheria kama njia ya kupinga angeweza kufungwa hadi miaka mitatu na kuchapwa viboko. Kampeni ikazimika. Ila ilikuwa imempata kiongozi. Albert Luthuli, chifu wa Groutville na mwalimu, aliambiwa na serikali achague kati ya uchifu na ANC. Alikataa kuchagua, akavuliwa uchifu, na Desemba 1952 akachaguliwa kuwa rais wa chama.

Alhamisi ya Pretoria, 1956

Mwaka 1955 serikali ilitangaza kwamba kuanzia Januari mwaka unaofuata wanawake wa Kiafrika nchini kote watapewa pasi. Ilikuwa imesahau Bloemfontein. Wanawake hawakuwa wamesahau.

Walikuwa tayari na chombo chao. Aprili 1954 waliunda shirikisho la wanawake wa rangi zote, na miongoni mwa vinara wake walikuwa Lilian Ngoyi, mshonaji wa kiwandani aliyepanda ngazi ndani ya chama cha wafanyakazi, na Helen Joseph, mzungu mzaliwa wa Uingereza. Oktoba 1955 wanawake wapatao 2,000 walikwenda Pretoria kutoa malalamiko. Waliporudi walijipangia safari kubwa zaidi.

Siku iliyochaguliwa ilikuwa Alhamisi, tarehe 9 Agosti 1956. Alhamisi ndiyo siku ambayo watumishi wengi wa nyumbani walipata mapumziko. Mikusanyiko ya pamoja ilikuwa imekatazwa, kwa hiyo wanawake walipanda bustani za makao ya serikali wawiliwawili na watatuwatatu, wala hapakuwa na msafara wa kuvunjwa. Walitoka Johannesburg, Cape Town na Port Elizabeth. Wengine walibeba watoto mgongoni, wengine watoto wa waajiri wao wa kizungu, na wanawake wa Kihindi walivaa sari. Walipokamilika walikuwa 20,000.

Ngoyi, Joseph, Rahima Moosa na Sophia Williams, binti wa miaka 18, waliingia ndani wakiwa na mafungu ya barua zilizotiwa sahihi. Waziri Mkuu J. G. Strijdom hakuwepo. Waliziacha barua ofisini kwake, wakatoka, na wanawake wote 20,000 wakasimama kimya kwa dakika 30. Hakuna aliyesema neno. Kisha wakaimba na kutawanyika, na polisi hawakupata hata sababu ya kumkamata mmoja.

Siku ile haikufuta pasi. Serikali ilizigawa kidogokidogo, ikianza na wanawake wa vijijini na waliotegemea ajira yake, na Februari 1963 zikawa za lazima kwa wote. Desemba 1956 Ngoyi, Joseph, Luthuli, Mandela na wengine, jumla 156, walikamatwa kwa uhaini, kesi iliyochukua zaidi ya miaka minne na kumalizika kwa kuachiwa huru wote walioshtakiwa. Kilichobadilika ni mizani ya harakati yenyewe: baada ya Pretoria hakuna aliyeweza tena kusema kwamba kipande ni tatizo la wanaume.

Siku kumi za Machi 1960

Ndani ya ANC palikuwa na mvutano. Kundi lililoamini kwamba Waafrika wajiongoze wenyewe lilijitenga na Aprili 1959 likaunda Pan Africanist Congress, PAC, chini ya Robert Sobukwe, mwalimu wa lugha katika Chuo Kikuu cha Witwatersrand. ANC ilipopanga kampeni dhidi ya pasi ianze tarehe 31 Machi 1960, PAC iliitangulia kwa siku kumi. Mpango wa Sobukwe ulikuwa mwepesi: wanaume waziache pasi nyumbani, waende kituo cha polisi bila silaha, waseme wanataka kukamatwa. Jela zikijaa, sheria haitatekelezeka. Asubuhi ya tarehe 21 Machi yeye mwenyewe alitembea hadi kituo cha Orlando na kukamatwa.

Katika Sharpeville, karibu na Vereeniging, maelfu walikusanyika nje ya uzio wa kituo. Ndege za kivita zilipita chini kuwatisha, nao hawakuondoka. Muda mfupi baada ya saa saba mchana polisi walifyatua risasi. Hesabu rasmi ilitaja watu 69 waliokufa na takriban 180 waliojeruhiwa, wanawake na watoto wakiwemo. Wengi walipigwa mgongoni, wakiwa wanakimbia. Jioni hiyohiyo watu wengine waliuawa Langa, Cape Town.

Yaliyofuata yaliitikisa serikali kuliko wakati wowote kabla ya hapo. Tarehe 26 Machi kamishna wa polisi alisimamisha kwa muda ukamataji wa pasi. Siku hiyo Luthuli aliichoma yake hadharani, na tarehe 28 mamia kwa maelfu hawakwenda kazini. Tarehe 30 Philip Kgosana, mwanafunzi wa miaka 23 aliyevaa kaptura, aliwaongoza watu wapatao 30,000 kutoka Langa na Nyanga hadi katikati ya Cape Town, kimya na kwa mpangilio. Polisi walimwahidi kwamba waziri wa sheria atakutana naye jioni. Aliamini, akawaambia watu warudi nyumbani, nao wakatii. Aliporudi kwa mkutano alikamatwa.

Hali ya hatari ilitangazwa siku hiyohiyo. Maelfu walitiwa kizuizini, ukamataji wa pasi ukarejea, na tarehe 8 Aprili ANC na PAC zikapigwa marufuku. Sobukwe alifungwa miaka mitatu, na alipoimaliza bunge likatunga kifungu kwa ajili yake peke yake, akawekwa katika kisiwa cha Robben bila hukumu mpya hadi 1969.

Njia ya Dar es Salaam, 1960–1979

Serikali iliufunga mlango wa ndani, ikajikuta imefungua wa nje. Oliver Tambo alivuka mpaka kuingia Bechuanaland mwishoni mwa Machi 1960 na kufika Dar es Salaam, mji ambao miaka iliyofuata ulizipa ofisi ANC na PAC na, kuanzia 1963, Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika. Tanganyika ilikuwa imeshaingia katika jambo hili mapema. Julius Nyerere alikuwa miongoni mwa wasemaji wa mkutano wa London wa tarehe 26 Juni 1959 ulioanzisha mgomo wa kutonunua bidhaa za Afrika Kusini, pamoja na kasisi Trevor Huddleston, ambaye mwaka 1960 alikuja kuwa askofu wa Masasi. Mwaka 1961 Nyerere alisema wazi kwamba nchi yake haitaingia Jumuiya ya Madola ikiwa Afrika Kusini ya kibaguzi ingali ndani. Machi mwaka huo Afrika Kusini ilijitoa.

Umoja wa Mataifa uliifanya tarehe 21 Machi kuwa siku ya kimataifa ya kupinga ubaguzi wa rangi. Luthuli alipewa Tuzo ya Nobel ya Amani ya mwaka 1960. Nyumbani, hata hivyo, misako ya usiku iliendelea, na vijana wengi waliamua kwamba mikono mitupu haitoshi. Baada ya wanafunzi wa Soweto kupigwa risasi Juni 1976, wimbi jipya la wakimbizi lilifika Tanzania. Katika shamba la zamani la mkonge la Mazimbu, Morogoro, walijenga shule na kuipa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa Pretoria tarehe 6 Aprili 1979.

Mahakamani na mabandani, 1978–1986

Kilichoivunja sheria ya pasi mwishoni hakikuwa tukio moja. Mashamba na maeneo waliyotengewa Waafrika hayakuweza kuwalisha, na watu walikwenda mjini kwa mamilioni, na kibali au bila kibali. Huko Crossroads, nje ya Cape Town, wanawake walijenga vibanda vya mabati na plastiki ili wakae na waume zao. Vilibomolewa, wakavijenga tena. Walikamatwa, wakalipa faini au kufungwa, wakarudi palepale.

Wengine waliipeleka serikali mbele ya majaji wake yenyewe. Mawakili wa kituo cha msaada wa sheria kilichoanzishwa mwaka 1979 na Arthur Chaskalson walikisoma kifungu cha 10 neno kwa neno. Mwaka 1980, katika kesi ya Komani, Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba mke ana haki ya kuishi mjini na mume mwenye haki hiyo. Mwaka 1983, katika kesi ya Rikhoto, iliamua kwamba mfanyakazi aliyerudishwa kwao kila mwaka ili mkataba uandikwe upya bado amemtumikia mwajiri mmoja miaka 10 mfululizo. Kwa hukumu mbili, watu wengi waliokuwa wageni kisheria walipata haki ya kukaa.

Agosti 1983 vyama vya mitaa, makanisa na vyama vya wafanyakazi viliungana katika United Democratic Front, na miji ikachemka. Wenye viwanda nao, wakihitaji mafundi wanaokaa mahali pamoja, walianza kusema kwamba pasi inawatia hasara. Aprili 1986 serikali ya P. W. Botha ilikiri kushindwa: ukamataji ulisimamishwa, na kuanzia tarehe 1 Julai sheria za pasi zikafutwa. Haikuwa huruma. Juni mwaka huohuo Botha alikuwa ametangaza hali ya hatari nchi nzima. Alifuta sheria ambayo watu walikuwa wamekwisha kuifanya isitekelezeke.

Sharpeville tena, 1996

Uandikishaji wa watu kwa rangi ulifutwa mwaka 1991. Tarehe 27 Aprili 1994 watu wa rangi zote walipiga kura pamoja kwa mara ya kwanza.

Katiba mpya ilipokamilika, Rais Mandela aliitia sahihi tarehe 10 Desemba 1996. Hakuitia sahihi Pretoria wala bungeni Cape Town, alikwenda Sharpeville. Kifungu cha 21 cha katiba hiyo kinasema kila mtu ana haki ya kwenda atakako, na kila raia ana haki ya kuishi popote ndani ya nchi.